Tshibumba Kanda Matulu, mchoraji aliyejihesabu kuwa mwanahistoria

Tshibumba Kanda Matulu alizaliwa mwaka 1947 mjini Élisabethville, ambao leo unaitwa Lubumbashi. Utoto wake ulipita katika nchi iliyokuwa ikibadili bendera: ukoloni wa Wabelgiji, uhuru wa tarehe 30 Juni 1960, kisha, siku 11 baadaye, kujitenga kwa Katanga. Lumumba alipouawa karibu na mji huo, tarehe 17 Januari 1961, Tshibumba alikuwa na miaka 13 hivi. Kifo hicho alikuja kukichora tena na tena.

Uchoraji haukumpa utajiri. Alichora juu ya kitambaa cha magunia ya unga, kisha akazungusha picha zake nyumba kwa nyumba. Wateja wake walikuwa watu wa kawaida wa mjini, waliotaka kitu cha kutundika saluni. Soko lilipenda mandhari ya kijiji, mamba muntu (sisi wa ziwa Tanganyika hatuhitaji kuelezwa ni nani), na picha ya enzi za Wabelgiji: mfungwa analala chini, askari anamchapa fimbo, mzungu anatazama.

Picha za namna hiyo ziliitwa ukumbusho. Tulitazame neno lenyewe. Halitokani moja kwa moja na kukumbuka, bali na kukumbusha. Kwa hiyo picha haihifadhi tu jambo lililopita. Inamfanyia kazi mtu aliyeketi mbele yake, inamlazimu afikiri na kusema. Tshibumba aliichukua kazi hiyo kwa uzito kuliko wenzake wengi. Mandhari aliweza kuuza, lakini alichotaka ni kusimulia historia ya nchi nzima.

Mwaka 1973 alikutana na Johannes Fabian, mwanaanthropolojia aliyefundisha chuo kikuu cha Lubumbashi. Hadi mwisho wa 1974 alikuwa amemchorea takriban picha 100: falme za kale, kufika kwa Wareno, Leopold II, Lumumba, kujitenga kwa Katanga, maasi ya miaka ya 60, Mobutu, hata siku zijazo. Katika picha moja maarufu, Lumumba amelala chini pamoja na wenzake wawili waliouawa naye, na nyuma yao imesimama misalaba mitatu. Mkristo yeyote wa Kongo anaisoma picha hiyo bila mkalimani.

Kila picha aliieleza kwa mdomo, na maneno yake yakarekodiwa. Hapo ndipo maisha yake yanapoigusa fakulte yetu. Alisema Kiswahili cha Katanga, chenye batu na bintu kama tunavyosikia hapa Kivu, kikichanganyika na Kifaransa. Ni lugha ile ile ambayo mwanafunzi hukatwa alama akiiandika kwenye mtihani. Tshibumba aliitumia kupanga sababu na matokeo, kutofautisha alichokiona na alichosikia, na kupinga historia iliyoandikwa na wakoloni. Fabian alichapisha picha na tafsiri ya mazungumzo kwa Kiingereza mwaka 1996. Baadaye maneno yenyewe ya Kiswahili yakatolewa pia.

Mwanzoni mwa miaka ya 1980 Tshibumba alitoweka. Hakuonekana tena, na vitabu hufunga maisha yake hapo, akiwa na miaka 34 hivi. Mfululizo ule wa picha sasa uko Amsterdam, katika jumba la makumbusho lililoitwa Tropenmuseum hadi mwaka 2023, mbali na saluni ambazo sanaa hiyo ilizaliwa kwa ajili yake.

Picha hatuwezi kuzirudisha kwa nguvu zetu. Maneno yake, hata hivyo, yako wazi kwa atakayetaka kuyasoma. Tunapotafuta matini za Kiswahili cha Kongo kwa ajili ya tasnifu, mara nyingi tunaanza kwa kulalamika kwamba hakuna kilichoandikwa. Tungeanza na Tshibumba: saa nyingi za mtu mmoja akifikiri juu ya nchi yake kwa lugha ya nyumbani kwake.