Deni la Sayyidna Zubeir bin Al-Awwam

Sayyidna Zubeir bin Al-Awwam (r.a.) ni mmoja wa Masahaba kumi waliobashiriwa Pepo. Mama yake ni Bibi Safiyya binti Abdul-Muttalib, shangazi lake Mtume (s.a.w.), na baba yake ni nduguye Bibi Khadija. Alisilimu angali kijana, akahajiri Uhabeshi kisha Madina, akamwoa Bibi Asmaa binti Abubakar, wala hapana vita alivyopigana Mtume asivyokuwamo. Sayyidna Omar alipochomwa kisu, mwaka 23 Hijriya (644), alimtia katika watu sita wa kumchagua Khalifa. Hayo husomwa sana katika darasa zetu. Yasiyosomwa sana ni yaliyopita katika mali yake baada ya kufa kwake, na hayo ndiyo tunayoyakusudia leo.

Zubeir hakupata kuwa liwali wala mkusanya kodi. Fungu lake lilitoka katika vita alivyopigana pamoja na Mtume na Makhalifa waliomfuata. Watu walimwamini mno. Mtu alipomwendea na fedha ili amwekee amana, yeye hakukubali kuipokea kwa jina hilo. Alitaka iwe mkopo, kwani alichelea isipotee. Msomaji asipite hapa kwa haraka. Amana ikipotea bila ya uzembe wa aliyewekewa, hailipwi. Mkopo hulipwa kwa hali yoyote. Basi alijitwika dhamana ambayo sharia haikumlazimisha, ili haki za watu zisalimike, naye akawa na ruhusa ya kuitumia fedha ile. Ndiyo sababu mtu mwenye mashamba na majumba alikufa na deni kubwa.

Mwaka 36 Hijriya (656), siku ya Vita vya Ngamia karibu na Basra, alimwita mwanawe Abdalla. Alihisi kuwa atauawa siku ile hali ya kudhulumiwa, na lililomshughulisha kuliko yote ni deni lake. Alimwamuru auze mali alipe, kisha katika kitakachobaki atoe wasia wa thuluthi, na thuluthi ya thuluthi hiyo iwe ya watoto wa Abdalla. Akamwambia kuwa akishindwa na kitu katika deni lile, amtake msaada Maula wake. Abdalla hakufahamu ni nani huyo mpaka alipouliza, akajibiwa kuwa ni Mwenyezi Mungu. Kisha Zubeir aliondoka vitani, akauawa kwa khiana katika Wadi Sibaa.

Abdalla alipolihesabu deni aliliona ni 2,200,000. Dinari wala dirhamu hakuachiwa hata moja. Kilichokuwapo ni ardhi, likiwamo shamba la Ghaba karibu na Madina, na nyumba 11 Madina, mbili Basra, moja Kufa na moja Misri. Hakim bin Hizam alimwuliza deni la nduguye ni kiasi gani. Abdalla akaficha, akataja 100,000, na Hakim akaona hata hizo mali yao haizitoshi. Wanavyuoni wamemtetea Abdalla kuwa hakusema uwongo, kwani laki moja imo ndani ya hizo nyingine. Mimi naona alikuwa akilinda heshima ya baba yake, watu wasije wakamdhania ubaya.

Sasa, deni hili lilikuwa la nani? Si la Abdalla. Deni la maiti limo katika tarika yake, yaani mali aliyoiacha, kama lilivyo deni katika kitu kilichowekwa rahani. Warithi huimiliki mali ile nalo limo ndani yake. Hawawezi kujitendea watakavyo mpaka lilipwe. Qur'ani katika Sura ya Nisaa imekariri mara nne, katika Aya mbili zinazofuatana, kuwa mafungu ya urithi ni baada ya wasia na deni. Na tarika isipotosha, mrithi hatakiwi kutoa katika mali yake mwenyewe, ila akipenda kumfanyia wema maiti wake.

Niliwahi kuitwa katika nyumba ya msiba ambayo marehemu alikuwa na duka kwa ushirika na mwenziwe. Arubaini haijafika, mshirika alikuja na daftari akitaka bangili za mjane zilipe madeni ya duka. Bangili zile zilikuwa mahari yake, si katika tarika hata kidogo. Lakini kijana wa nyumba ile naye alikuwa ameshauza bidhaa za fungu la baba yake akazigawa kwa nduguze, bila ya kumwuliza mtu yeyote kama anadai. Wote wawili walikosea, na kosa la kijana ndilo kubwa zaidi. Ushirika huvunjika kwa mauti ya mmoja wao. Hesabu hufanywa, na deni lililo juu ya maiti hutolewa katika fungu lake. Na anayemdai maiti, katika madhehebu yetu ya Shafii, hatoshelezwi na daftari lake: hutakiwa ushahidi, na juu yake kiapo, kwa kuwa anayedaiwa hana tena ulimi wa kujibu.

Turudi kwa Abdalla. Shamba la Ghaba baba yake alilinunua kwa 170,000. Yeye aliliuza kwa 1,600,000, kwa mafungu, kila fungu 100,000. Aliwaita wanaodai wote wakutane naye Ghaba. Akaja Abdalla bin Jaafar, aliyekuwa akimdai Zubeir 400,000, akataka kusamehe. Akakataliwa. Akataka deni lake liakhirishwe mpaka mwisho. Akakataliwa pia, akakatiwa kipande cha ardhi, ambacho baadaye alimwuzia Muawiya kwa 600,000. Madeni yakesha yote, na mafungu manne na nusu yakabaki. Mundhir bin Zubeir, Amr bin Othman na Ibn Zamaa wakachukua moja moja kwa 100,000, na Muawiya akachukua moja na nusu kwa 150,000.

Hapo ndugu zake walitaka wagawiwe urithi wao. Abdalla akaapa kuwa hatagawa mpaka anadi katika msimu wa Hija miaka minne, kuwa mwenye kumdai Zubeir aje alipwe. Naye alikuwa mrithi kama wao, akingoja kama wao. Kila mwaka alinadi. Ilipopita miaka minne akagawa. Zubeir aliacha wake wanne, na baada ya kutolewa ile thuluthi ya wasia, kila mmoja katika robo yake ya thumuni alipata 1,200,000.