Waiyaki wa Hinga, mwenyeji aliyefungwa mnyororo na wageni wake

Ukipanda matatu Kianjai alfajiri, utashindana na pikapu za miraa hadi Meru (utashindwa, unajua mwenyewe), halafu Chuka, Embu, Sagana, Thika, mpaka Nairobi. Kama unaishi upande wa Kangemi, Uthiru au Kinoo, bado una matatu nyingine ya kupanda. Makanga ataita Waiyaki Way na utaingia bila kufikiria. Hilo jina umelitaja mara ngapi maishani? Sasa nikikuuliza huyo Waiyaki alikuwa nani, najua jibu lako: shujaa, Wazungu walimzika akiwa hai. Basi, umemaliza.

Hebu tukae naye kidogo, maana alikuwa mtu kabla hajawa barabara.

Waiyaki wa Hinga aliishi upande wa kusini wa nchi ya Wakikuyu, kati ya Kabete na Dagoretti, mahali ambapo zamani msitu ulikuwa unakatika na mbuga za Wamaasai zinaanza. Ilikuwa mpakani kabisa. Ukoo wake wenyewe unasimuliwa kuwa na asili ya Kimaasai, na hilo si la kushangaza. Kati ya watu wa pande hizo mbili kulikuwa na kuibiana ng'ombe, sawa, lakini pia kulikuwa na kuoana, kubadilishana ngozi na vyakula, na njaa ikija upande mmoja, watu kukimbilia upande wa pili. Mtu wa mpakani hujifunza lugha mbili na kupima mgeni kwa macho kabla hajafungua mdomo.

Usimfikirie kama mfalme. Wakikuyu hawakuwa na mfalme wala chifu. Wewe wa Tigania hili unalielewa haraka, kwa sababu Nchiru ni hapo tu, na unajua Njuri Ncheke ni baraza la wazee wengi wala si kiti cha mtu mmoja. Waiyaki alikuwa muthamaki, yaani mtu aliyesikizwa kwa sababu ya mali yake, ulimi wake na vijana waliokuwa tayari kumfuata. Angeweza kushauri, kupatanisha, kuita watu. Hakuweza kuamuru ridge nzima, sembuse kabila zima. Liweke hili akilini, kwa sababu ndilo lililokuja kumponza.

Mwaka 1887 ulikuja msafara wa Count Samuel Teleki kutoka Austria-Hungary, akiwa na mwenzake Ludwig von Höhnel. Walikuwa wanaelekea kaskazini, safari iliyowafikisha mwaka uliofuata kwenye ziwa ambalo leo tunaliita Turkana. Nchi ya Wakikuyu iliogopwa sana na wasafiri, kwa mishale ya sumu na misitu minene ambamo bunduki haisaidii sana. Waiyaki alikuwa miongoni mwa waliompokea Teleki na kumsaidia kupita. Wageni wakaja, wakanunua chakula, wakaenda zao. Kama ungekuwa yeye ungeona nini hapo? Ungeona biashara.

Na biashara ilikuwepo kweli. Misafara ya kutoka Mombasa kwenda Uganda ilikuwa ya mamia ya wapagazi, na wote wanakula. Wakitoka Ukambani, kabla hawajaingia Bonde la Ufa, walihitaji mahali pa kujaza mifuko. Mahali hapo palikuwa ukingo wa Ukikuyu, penye maharagwe, viazi vitamu, mtama, ndizi. Kwa hiyo kampuni ya Kiingereza iliyopewa hati ya kifalme mwaka 1888, Imperial British East Africa Company, iliangalia ramani ikaona Dagoretti kama duka. Tatizo la Kampuni ni kwamba ilitaka pia kulilinda duka kwa boma na bunduki.

Oktoba 1890 akafika Kapteni Frederick Lugard. Jina lake baadaye lingejulikana Uganda na Nigeria, lakini wakati huo alikuwa ofisa wa Kampuni mwenye haraka ya kufika Uganda. Alitaka mahali pa kujenga boma na akatafuta mwenyeji. Waiyaki akakubali, na wawili hao wakachanjiana, wakawa ndugu wa damu. Boma likajengwa, la magogo na handaki, na mapema Novemba Lugard akaendelea na safari yake, akimwachia usimamizi George Wilson na kikosi kidogo.

Hapa nakuomba usikimbie, maana mambo mengi yamejificha kwenye kile kiapo. Kwa Wakikuyu, mgeni angeweza kupewa mahali pa kulima na kukaa akaitwa muhoi. Anaishi kwa hisani ya mwenye ardhi na kwa tabia njema, na tabia ikiharibika, anaondoka. Mimi naamini Waiyaki alimwona Lugard hivyo, ndugu aliyepewa pa kukaa. Lugard kwa upande wake alibeba mkataba, na kwenye vitabu vya Kampuni ardhi ile ilihesabiwa kuwa chini ya bendera. Tendo moja, watu wawili, na kila mmoja akarudi nyumbani na maana yake. Hakuna aliyedanganya siku hiyo, pengine. Uongo ulikuja baadaye, watu walipoanza kuishi pamoja.

Maana ndugu alienda, akaacha jamaa zake. Wapagazi wa misafara waliingia mashambani wakachuma bila kulipa. Watu wakapigwa, wanawake wakasumbuliwa, mbuzi wakachukuliwa. Wenyeji nao wakalipa kwa njia walizozijua: kijana wa msafara aliyechelewa nyuma peke yake hakuonekana tena. Boma la Wilson likawa kama kisiwa. Ndani ya miezi michache ya mwaka 1891 Wilson aliishiwa na risasi na msaada, akatoka na watu wake. Boma likachomwa moto.

Je, Waiyaki ndiye aliyelichoma? Kampuni ilisema hivyo, kwa sababu kwake yeye ndiye aliyekuwa chifu, na chifu anawajibika kwa kila kijana mwenye kiberiti. Unakumbuka nilikuambia uweke nini akilini? Walimpa cheo ambacho hakuwa nacho, halafu wakamshtaki kwa kushindwa kukitumia.

Kampuni ikarudi na nguvu zaidi. Vitabu vya historia vinataja faini ya mbuzi 50 kila siku, pamoja na wanaume 300 kila siku wa kujenga upya. Mwaka huo huo Kapteni Eric Smith akajenga boma jipya karibu na hapo, Kabete, likaitwa Fort Smith. Lilikuwa imara kuliko la kwanza: handaki refu, vigingi vyenye ncha, seng'enge. Ukiangalia mpangilio wake huoni duka tena. Huoni pia mtu anayetarajia majirani wamtembelee.

Lakini Waiyaki aliendelea kulitembelea. Watu wanaompenda mara nyingi hurukia mbali sehemu hii, nadhani kwa sababu shujaa wa vitabuni haendi kunywa chai kwa adui. Yeye alienda. Alijaribu kwa karibu miaka miwili kuishi na watu wale, leo akipatanisha, kesho akiwakasirikia, huku jirani zake wenyewe wakimtazama kwa shaka. Mtu wa katikati hana rafiki pande zote mbili, kijana, na kama umewahi kuamua ugomvi wa vijiwe viwili vya bodaboda, unajua ninachosema.

Agosti 1892, msimamizi wa Fort Smith alikuwa mtu aliyeitwa Purkiss. Watu wa Kampuni walikuwa wametoka kuchoma vijiji jirani, kulipiza kisasi cha watu wao waliouawa, na Purkiss alishuku kwamba Waiyaki aliwaonya wenye vijiji mapema. Jioni moja Waiyaki akaingia bomani. Wazungu waliandika kwamba alikuwa amelewa na kwamba alichomoa simi yake. Simulizi za Wakikuyu zinamweleza kama mtu aliyekwenda kudai haki kwa waliochomewa nyumba. Kinachokubaliwa na wote ni hiki: walipigana, akanyang'anywa silaha, akajeruhiwa kichwani, akafungwa mnyororo kwenye mlingoti wa bendera hadi asubuhi.

Hakuna hakimu aliyeitwa. Pale bomani alikuwa amepita Kapteni Macdonald, aliyekuwa akipima njia ya reli ya kwenda Uganda, njiani kurudi pwani. Kesho yake Wazungu waliokuwepo wakakaa kama mahakama: walalamikaji ni wao, mashahidi ni wao, waamuzi ni wao. Hukumu ikawa kuhamishiwa pwani. Msafara wa Macdonald ukamchukua, akiwa na jeraha lake na pingu zake, akipitishwa katika nchi ambayo watu wake hawakuwa na ukoo ndani yake.

Pwani hakufika. Alifia Kibwezi mwanzoni mwa Septemba 1892, akazikwa huko, kwenye kituo cha wamishonari wa Kiskoti kilichokuwa kimeanzishwa mwaka mmoja tu nyuma. Walioandika wanasema alikufa kwa jeraha. Wakikuyu tangu zamani wanasimulia kwamba alizikwa akiwa hai, kichwa chini. Wewe utachagua. Mimi sikuwepo, ila naona simulizi ile inabeba kitu ambacho maandishi ya Kampuni hayakibebi: kwamba mzee amezikwa na watu wasiomjua, bila wanawe, mbali na udongo wake, na kwamba hilo lenyewe ni kupinduliwa kichwa chini.

Baada yake, Fort Smith ilipata mtu wa kufanya naye kazi. Kinyanjui wa Gathirimu hakuwa tajiri wala muthamaki. Alianza kwa kuongoza misafara, akapanda ngazi na wageni, na akafa mwaka 1929 akiwa chifu mkuu, cheo kile kile ambacho Waiyaki aliadhibiwa nacho bila kukipata. Ni rahisi kumtukana Kinyanjui. Lakini fikiria pia Wapawnee wa Nebraska, Marekani, wakulima wa mahindi waliokaa kando ya mto Platte. Jeshi la Marekani lilijenga Fort Kearny kwao mwaka 1848, kulinda magari ya wahamiaji. Wapawnee hawakulichoma. Kuanzia 1864 vijana wao waliingia jeshini kama wapelelezi, wakalinda hata ujenzi wa reli, kwa sababu adui yao mkubwa alikuwa Wasioux. Na bado, kufikia katikati ya miaka ya 1870, walikuwa wameondolewa kwenye ardhi yao na kupelekwa kusini, kwenye eneo ambalo leo ni Oklahoma. Aliyepigana na ngome na aliyeilinda walikutana kwenye orodha moja ya waliohamishwa. Ardhi ya Kabete nayo, pamoja na chifu wake mkuu, haikupona: walowezi walichukua walichotaka.

Ngome zikaendelea kupanda kwenda kwenu. Fort Hall, yaani Murang'a, mwaka 1900. Embu ilipigwa mwaka 1906. Halafu 1908 kituo cha serikali kikawekwa Meru na Edward Horne, yule ambaye wazee wa huko walimwita Kangangi. Meru haikupigana vita kubwa. Habari za Embu zilikuwa zimefika mapema, na wazee walijua kuhesabu.

Jamaa wa Waiyaki nao hawakupotea. Kitukuu chake Dkt Munyua Waiyaki alikuwa Waziri wa Mambo ya Nje wa Kenya miaka ya 1970. Kitukuu mwingine, dada yake Munyua, alikuwa Wambui Otieno, aliyepigania uhuru na baadaye akajulikana nchi nzima kwa kesi ya mwaka 1987 ya kumzika mumewe, wakili S. M. Otieno. Wambui alitaka amzike karibu na Nairobi. Ukoo wa mume ukataka Nyalgunga, Siaya, na ukoo ukashinda. Miezi mingi Kenya nzima ilibishana juu ya swali moja: nani ana haki ya kuamua mtu azikwe wapi. Kwa familia nyingi hilo lilikuwa swali jipya. Kwa familia ya Waiyaki lilikuwa na umri wa miaka 95.

Ukisafiri kwenda Mombasa kwa basi, Kibwezi iko njiani, baada ya Emali na Makindu. Wengi huwa wamelala wakifika hapo.