Mhunzi Aliyeghani: Nicomedes Santa Cruz wa Peru

Tutajapo fasihi ya watu weusi walioko nje ya Afrika, fikra zetu hukimbilia Marekani na visiwa vya Karibi. Peru husahauliwa. Hapana shaka ndiyo sababu wanafunzi wetu wengi hawajapata kulisikia jina la Nicomedes Santa Cruz, mghani, msanii wa jukwaani na mtangazaji, aliyezaliwa mjini Lima tarehe 4 Juni 1925, akiwa mtoto wa tisa kati ya kumi.

Elimu yake rasmi ilikomea shule ya msingi. Akiwa bado mtoto alitiwa karakanani kujifunza uhunzi, na kazi hiyo ya kufua chuma aliifanya hadi mwaka 1956. Lakini mwaka 1945 alikuwa amekutana na Porfirio Vásquez, bingwa wa utungo uitwao décima. Asili ya utungo huu ni Hispania: ubeti una mishororo 10, kila mshororo una mizani 8, na vina hufuata utaratibu usiokubali mzaha. Katika aina iliyo ngumu zaidi, mtunzi hutanguliza ubeti wa mishororo minne, kisha hutunga beti nne za mishororo kumi kumi, kila mmoja ukikamilishwa na mshororo mmoja wa ule ubeti wa kwanza. Jumla ni mishororo 44. Wakati huo fani hii ilikuwa imesalia zaidi vinywani mwa wazee weusi wa pwani ya Peru, nayo ilikuwa ikizikwa pamoja nao. Mhunzi akaidaka.

Utumwa ulipigwa marufuku nchini Peru mwaka 1854. Karne moja baadaye, nyingi za ngoma za wajukuu wa watumwa zilikuwa zimesahauliwa, au zikichezwa majumbani tu. Mwaka 1956 mtaalamu José Durand aliliongoza kundi la Pancho Fierro hadi ukumbi mkuu wa michezo wa Lima, na Santa Cruz alipitia katika kundi hilo. Muda si muda, yeye na dada yake Victoria wakaunda kundi lao, Cumanana, lililoigiza, kucheza na kughani maisha ya weusi. Albamu ya jina hilohilo, iliyotoka mwaka 1964, iliambatana na kijitabu cha maelezo ya kitaalamu, kazi ya mtu ambaye hakuwahi kukanyaga darasa la chuo kikuu.

Humo ndimo ulimo ubishi wenyewe. Santa Cruz alishikilia kuwa ngoma ya landó ilitokana na lundu ya Angola, na kwamba ndiyo mama wa ngoma nyingine za Peru. Watafiti waliomfuata wameona ushahidi wake kuwa haba. Nami, kwa kazi yangu ya isimu, sina budi kukubaliana nao: mfanano wa maneno mawili hautoshi kuthibitisha nasaba. Hata hivyo siwaelewi wanaoitumia hoja hiyo kumpuuza. Watumwa hawakuachiwa nafasi ya kuandika historia yao, na mtu asiye na nyaraka hulazimika kuanza kwa kukisia. Bila dhana yake, hao wakosoaji wangekuwa wanakosoa nini?

Mwaka 1974 alifika Dakar, Senegali, katika mkutano uliojadili weusi na Amerika ya Kilatini. Mwaka 1982 kilichapishwa kitabu chake kikubwa kuhusu décima nchini Peru, ambacho kwa maoni yangu ndicho kazi yake imara kuliko zote, maana humo hakukisia: alikusanya. Miaka yake ya mwisho aliishi Madrid akitangaza katika redio ya Hispania, na huko alifariki kwa saratani ya mapafu tarehe 5 Februari 1992. Tangu mwaka 2006, siku yake ya kuzaliwa huadhimishwa kwa mujibu wa sheria ya Peru kuwa siku ya utamaduni wa Waperu wenye asili ya Afrika.