Oscar Micheaux: Mchuuzi wa vitabu aliyejibu uongo kwa sinema

Mwaka 1915 mwongozaji D. W. Griffith alitoa filamu ya The Birth of a Nation, iliyolisifia kundi la Ku Klux Klan na kuwaonyesha Wamarekani weusi kuwa wajinga na wakatili. Watu wengi waliitazama wakaamini kuwa hiyo ndiyo historia ya Marekani. Miongoni mwa waliokuja kutoa picha nyingine ni mtu ambaye wakati huo hakuwa na kamera, Oscar Micheaux.

Alizaliwa tarehe 2 Januari 1884 karibu na Metropolis, jimbo la Illinois. Baba yake alizaliwa utumwani. Akiwa kijana alikwenda Chicago, akapata kazi ya kuhudumia abiria katika mabehewa ya kulala ya treni. Akiba yake aliipeleka South Dakota, akawa mkulima kati ya majirani Wazungu. Shamba lilipomshinda aliandika vitabu kuhusu maisha hayo na kuviuza mwenyewe nyumba kwa nyumba.

Mwaka 1918 kampuni moja ya filamu ya watu weusi ilitaka kutengeneza sinema kutokana na kitabu chake, The Homesteader. Micheaux alikubali kwa sharti kwamba aongoze mwenyewe. Walipokataa, alianzisha kampuni yake na kuuza hisa, hata kwa wakulima Wazungu. Filamu ilitoka mwaka 1919.

Mwaka 1920 akaja na Within Our Gates. Ndani yake Sylvia, mwalimu mweusi, anatafuta fedha za kuokoa shule ya watoto maskini. Zamani Sylvia alimtunzia hesabu baba yake mlezi, mkulima aliyekuwa akipunjwa na mwenye shamba. Mzee alipokwenda kudai haki yake, mwenye shamba alipigwa risasi na mtu mwingine, lakini mzee ndiye aliyesingiziwa. Yeye na mkewe wakanyongwa na umati bila kufikishwa mahakamani. Wakaguzi wa filamu Chicago walisita kuiruhusu, kwani Julai 1919 ghasia za rangi zilianza jijini humo na kuua watu 38.

Micheaux alisafiri mji kwa mji na mikanda yake, akipatana bei na wenye kumbi. Alifilisika mwaka 1928, akainuka tena, na mwaka 1931 akatoa The Exile, filamu yenye sauti. Kwa jumla alitengeneza filamu zaidi ya 40. Alifariki tarehe 25 Machi 1951 mjini Charlotte.

Nyingi ya filamu hizo zimepotea. Within Our Gates nayo ilidhaniwa imepotea, hadi nakala yake ilipopatikana Hispania na kukarabatiwa mwaka 1993. Mwaka 2010 Marekani ilitoa stempu yenye sura yake.

Sisi tuliosomea uhamishoni tunajua maana ya kufundishwa habari zako na mtu mwingine. Micheaux hakungoja mwenye mtaji amsimulie. Aliuza vitabu, akauza hisa, akasimulia mwenyewe.