JOHN DALTON NA MAJINA YA RANGI

Jina la John Dalton hutajwa mara nyingi katika masomo ya kemia, kwa kuwa ndiye aliyeweka msingi wa nadharia ya kisasa ya atomu. Hata hivyo, maisha yake yana funzo kubwa kwa wanafunzi wa lugha pia. Msomi huyu aliyatumia maneno ya rangi ya Kiingereza kwa zaidi ya miaka 20 bila kung'amua kwamba macho yake hayakuona kile ambacho wenzake walikitaja.

Dalton alizaliwa mwaka wa 1766 katika kijiji cha Eaglesfield, kaskazini magharibi mwa Uingereza. Baba yake alikuwa mfumaji wa nguo, na jamaa yake ilikuwa ya madhehebu ya Marafiki, yaani Quaker, ambayo leo yana waumini wengi magharibi mwa Kenya. Alianza kufundisha akiwa na umri wa miaka 12. Mnamo mwaka wa 1781 alihamia mji wa Kendal, ambako alifundisha pamoja na kaka yake, Jonathan. Huko ndiko alikoanza, mwaka wa 1787, kuweka kumbukumbu za hali ya anga, kazi aliyoiendeleza hadi kufa kwake.

Tangu awali Dalton aliamini kwamba baadhi ya rangi zilikuwa zimepewa majina yasiyofaa. Neno la Kiingereza la rangi ya waridi, ambalo nalo ni jina la ua, halikumtatiza lilipotumiwa kulitaja ua hilo. Lakini watu walipoiita rangi hiyo nyekundu, aliona wamekosea kabisa, kwani machoni pake waridi ilikuwa jamaa ya buluu. Kwa ufupi, kasoro aliiona katika lugha.

Mnamo mwaka wa 1790 alianza kujifunza elimu ya mimea, elimu ambayo humlazimu mtu kuzipambanua rangi kwa makini. Miaka miwili baadaye alilitazama ua la jeraniamu kwa mwanga wa mshumaa. Ua hilo, ambalo watu waliliita la waridi, mchana lilikuwa kwake samawati kama anga. Sasa liligeuka likawa jekundu. Aliwaomba marafiki zake walitazame, nao hawakuona badiliko la maana. Aliyeona kama yeye alikuwa Jonathan pekee. Hapo ndipo alipotambua kwamba tofauti haikuwa katika maneno tu, bali katika uonaji wenyewe.

Mwaka wa 1793 alihamia Manchester, na mwaka uliofuata akawasilisha makala kuhusu jambo hili mbele ya Chama cha Fasihi na Falsafa cha mji huo. Alieleza kwamba jani la kijani na lakiri nyekundu kwake vilifanana. Aidha, katika nuru ya jua iliyotawanywa kwa mche wa kioo, aliona manjano, buluu na zambarau tu. Sehemu ya nyekundu ilikuwa kama kivuli. Alipolieleza suala hili kwa wanafunzi wake 25, wawili miongoni mwao waligundulika kuwa na hali kama yake.

Dalton alidhani kwamba majimaji ya ndani ya macho yake yalikuwa ya buluu, akaagiza macho hayo yachunguzwe baada ya kifo chake. Wakati huo huo sifa zake zilienea. Chuo Kikuu cha Oxford kilimtunuku shahada mwaka wa 1832, na mwaka wa 1834 alifika mbele ya Mfalme William wa Nne akiwa amevaa joho jekundu la chuo hicho. Waumini wa Quaker waliepuka mavazi ya rangi kali, lakini kwake joho hilo halikuwa na ukali wowote.

Alifariki tarehe 27 Julai 1844. Daktari wake aliyachunguza macho, akakuta majimaji yake ni maangavu. Dhana ya Dalton ikaanguka. Hata hivyo, macho hayo yalihifadhiwa, na mwaka wa 1995 wanasayansi walitangaza kwamba vinasaba vyake vilionyesha upungufu katika chembe zinazopokea nuru ya kijani. Katika Kifaransa na Kihispania, upofu wa rangi huitwa kwa jina lake hadi leo.

Kisa hiki kinamhusu pia mzungumzaji wa Kiswahili. Mbali na -eupe, -eusi na -ekundu, majina yetu mengi ya rangi yametokana na vitu: kijani na jani, kahawia na kahawa, waridi na ua. Anayekijua kitu huweza kuitaja rangi yake sawasawa hata kama haioni kama wenzake. Hivyo basi, mtoto anayekosea jina la rangi darasani asiharakishiwe adhabu wala kicheko. Huenda neno analijua vyema, ila jicho lake ndilo linaloona vingine.