Mary Richmond: karani wa hesabu aliyegeuza hisani kuwa taaluma

Yeyote aliyewahi kuketi mbele ya afisa wa ustawi wa jamii, iwe hospitalini, mahakamani au katika kambi ya wakimbizi, anaukumbuka utaratibu wenyewe. Jalada hufunguliwa, jina huandikwa, kisha huja maswali: unaishi na nani, ndugu zako wako wapi, ulikuwa ukifanya kazi gani kabla mambo hayajaharibika. Wapo wanaotoka humo wakiwa wamesaidiwa, na wapo wanaotoka wakihisi wamehojiwa kama washitakiwa. Utaratibu huo haukuzuka wenyewe. Kwa sehemu kubwa uliwekwa kwenye maandishi na mwanamke mmoja wa Kimarekani ambaye hakusoma chuo kikuu hata siku moja, Mary Ellen Richmond.

Neno lililotumiwa na Richmond kwa kazi hiyo limetusumbua sana sisi tunaoishi kwa kutafsiri habari. Ukilihamisha kwa haraka linakuwa kesi, na kesi katika masikio ya Mswahili ni polisi, kizimba na wakili. Neno shauri linakaa vizuri zaidi, kwa kuwa limebeba mambo mawili: jambo linalofikishwa mbele ya baraza likaamuliwe, na nasaha apewayo mtu aliyekwama. Maisha ya Richmond, kama tutakavyoona, yalipita katikati ya maana hizo mbili.

Utoto wa Baltimore

Alizaliwa tarehe 5 Agosti 1861 katika mji wa Belleville, jimbo la Illinois, miezi michache tu baada ya kuanza kwa vita vya wenyewe kwa wenyewe vya Marekani. Baba yake alikuwa mhunzi. Mama yake alifariki kwa kifua kikuu Mary akiwa bado mtoto mdogo sana, na msichana huyo akapelekwa Baltimore kulelewa na bibi yake mzaa mama, Mehitable Harris, pamoja na dada wawili wa marehemu mama yake.

Nyumba hiyo ilikuwa ya kupangisha wageni, na haikuwa na ukimya. Bibi Harris alikuwa mtetezi wa haki ya wanawake kupiga kura, na mezani kwake watu walibishana juu ya siasa, dini na usawa wa binadamu. Shule za wakati huo hakuziamini, kwa hiyo mjukuu alijifunza nyumbani kwa kusoma kila kitabu alichokipata, hasa riwaya za Charles Dickens, hadi alipofikisha miaka 11 ndipo akaingia darasani. Mwaka 1878, akiwa na umri wa miaka 16, alimaliza shule ya sekondari ya wasichana. Elimu yake rasmi ilikoma hapo.

Alikwenda New York na mmoja wa mama zake wadogo kufanya kazi katika nyumba ya uchapishaji. Siku za kazi zilikuwa ndefu na malipo yalikuwa haba. Mama yake mdogo aliugua akarudi Baltimore, na Mary akabaki peke yake katika jiji asilomjua mtu. Hatimaye naye akashikwa na malaria, ugonjwa ambao wasomaji wetu pengine hawauhusishi na New York. Baada ya miaka miwili hivi alirejea Baltimore akiwa dhaifu, na kwa miaka kadhaa akajipatia riziki kwa kutunza vitabu vya hesabu.

Wanaoandika juu yake hupenda kukimbilia miaka ya umaarufu. Kwa maoni yangu, kiini cha mambo kiko katika miaka hii. Alijua njaa na upweke kwa kuvipitia, si kwa kuhadithiwa, na alikwisha kujifunza kwamba daftari la hesabu halimwonei mtu haya.

Hisani yenye masharti

Mwaka 1889 aliomba kazi ya msaidizi wa mweka hazina katika Jumuiya ya Kuratibu Hisani ya Baltimore, akaipata. Jumuiya za namna hiyo zilikuwa zimeanzia London mwaka 1869, na zikavuka bahari hadi mji wa Buffalo mwaka 1877. Waanzilishi wake waliamini kwamba sadaka iliyotolewa ovyo huharibu tabia, kwa kuwa ombaomba mjanja huweza kupita makanisani na kwa matajiri akachukua kwa kila mmoja, huku fukara mwenye haya akilala njaa. Dawa waliyoitoa ilikuwa daftari moja la mji mzima, uchunguzi wa kila mwombaji, na mgeni wa hiari, mara nyingi mwanamke wa nyumba yenye uwezo, aliyetumwa kuitembelea familia maskini kama rafiki.

Urafiki huo ulikuwa na walakini. Mgeni alikuja na glavu mkononi na hukumu kichwani, akiamini kwamba umaskini ni matokeo ya ulevi, uvivu au ukosefu wa busara. Kabla ya kuanza kazi, Richmond alikwenda Boston kwa muda wa wiki moja kujifunza kwa Zilpha Smith, aliyeongoza jumuiya ya huko, kisha akarudi na kuanza kuzitembelea familia yeye mwenyewe. Mwaka 1891 aliteuliwa kuwa katibu mkuu wa jumuiya ya Baltimore, akiwa na miaka 30. Katika kiti hicho alitanguliwa na Amos Warner, msomi wa Chuo Kikuu cha Johns Hopkins, naye aliyekikalia sasa alikuwa karani wa hesabu.

Mdororo wa uchumi wa mwaka 1893 uliwatupa nje ya kazi watu wengi ambao hakuna aliyeweza kuwaita wavivu, na zile hukumu za zamani zikaanza kuyumba. Katika madaftari ya jumuiya Richmond aligundua kasoro nyingine: wageni wengi hawakujua walichokuwa wakikitafuta. Mmoja aliandika kwamba nyumba ni chafu, mwingine kwamba mama ni mtu mwema, na hakuna kati yao aliyeuliza kodi ilikuwa kiasi gani, wala kama yupo mjomba mwenye kazi mtaa wa pili. Nia njema pasipo maarifa, aliona, ilikuwa ikiwaumiza watu.

Mwaka 1897, katika mkutano wa kitaifa wa mashirika ya hisani uliofanyika Toronto, alisimama akataka ianzishwe shule ya kuwafundisha watu kazi hii kama wanavyofundishwa madaktari. Majira ya kiangazi yaliyofuata, jumuiya ya New York ilifungua mafunzo ya wiki chache, na kutokana na mbegu hiyo ikakua shule ambayo leo ni sehemu ya Chuo Kikuu cha Columbia. Mwaka 1899 alitoa kitabu chake cha kwanza, mwongozo kwa wageni wa hiari, na mwaka 1900 akahamia Philadelphia kuiongoza jumuiya ya mji huo. Huko hakuishia majumbani mwa watu. Alisukuma pia sheria juu ya ajira ya watoto na juu ya waume waliotelekeza wake zao.

Wajane 985

Mwaka 1909 Wakfu wa Russell Sage, ulioanzishwa miaka miwili kabla na mjane tajiri Margaret Olivia Sage, ulimwita New York kuongoza idara yake ya jumuiya za hisani. Mwaka huohuo mkutano ulioitishwa na Ikulu ya Marekani ulitamka kwamba mtoto asitenganishwe na mama yake kwa sababu ya umaskini peke yake. Kauli hiyo ilizaa swali lenye uzito: mjane mwenye watoto wanne, asiye na mume wala akiba, alishwe na nani?

Kundi moja lilijibu kwamba alishwe na serikali, apewe fedha kila mwezi kwa mujibu wa sheria. Illinois ilipitisha sheria ya jimbo zima mwaka 1911, na majimbo mengine yakafuata. Richmond alipinga. Alikumbuka jinsi pensheni za askari wa vita vya wenyewe kwa wenyewe zilivyogeuzwa na wanasiasa kuwa mtego wa kura, akahofu kwamba fedha itakayotolewa kwa orodha, bila mtu wa kuifahamu familia kwa karibu, itawaacha watoto wagonjwa katika ugonjwa wao na nyumba mbovu katika ubovu wake. Pamoja na mwenzake Fred Hall alipekua mashauri ya wajane 985 waliohudumiwa na jumuiya za hisani, na matokeo yakachapishwa mwaka 1913.

Utafiti ule haukuzipamba jumuiya zake mwenyewe. Ulionyesha kwamba msaada uliotolewa mara nyingi haukutosha, na kwamba familia nyingi hazikufuatiliwa ipasavyo. Hata hivyo Richmond hakubadili msimamo. Kwake, kazi iliyofanywa vibaya ilidai ifanywe vizuri zaidi. Wapinzani wake walisema mama wa watoto wanne hawezi kungoja hadi wafadhili wajifunze kazi. Kufikia mwaka 1920 majimbo takriban 40 yalikuwa na sheria za namna hiyo, na yeye alikuwa ameshindwa.

Ni vigumu leo kusoma habari hizo bila kuwa upande wa wajane. Aliyewahi kushinda njaa New York angetarajiwa kuelewa kwamba fedha mkononi nayo ni heshima. Lakini swali lake la nani atakayemjua mtu huyu, baada ya jina lake kuingia katika orodha, halijapata jibu jepesi mahali popote.

Kitabu cha mwaka 1917

Mwaka 1915 mkutano wa kitaifa ulikutana Baltimore, mji aliokulia. Mgeni msemaji, Abraham Flexner, ambaye ripoti yake ilikuwa imevitikisa vyuo vya udaktari Marekani, alihitimisha kwamba kazi ya ustawi wa jamii haistahili kuitwa taaluma, kwa kuwa haina mbinu yake yenyewe iwezayo kufundishwa. Kwa wengi waliokuwamo ukumbini lilikuwa pigo.

Richmond alikuwa tayari ana miaka mingi katika kukusanya madokezo. Mwaka 1917 alichapisha Social Diagnosis, kitabu cha zaidi ya kurasa 500 juu ya namna ya kuitambua hali ya mtu katika mazingira yake. Ndani yake alikopa kutoka mahakamani na hospitalini kwa pamoja. Kutoka mahakamani alichukua upimaji wa ushahidi: mwandishi wa shauri atofautishe alichokiona kwa macho yake, alichoambiwa na mtu mwingine, na anachokikisia tu. Kutoka kwa madaktari alichukua hatua za kazi, kwamba dalili hukusanywa, hulinganishwa, kisha ndipo hutolewa tafsiri. Akazipitia njia za habari moja baada ya nyingine: mwenye shida mwenyewe kwanza, kisha familia, ndugu, mwalimu, tabibu, mwajiri, jirani na nyaraka. Juu ya majirani alikuwa na tahadhari, na aliyekulia mtaa wenye midomo atamwelewa.

Kitabu hicho kina sura juu ya familia za wahamiaji, wajane na waliotelekezwa, watoto waliopuuzwa, vipofu, na watu wasio na makazi. Kila sura ina orodha ndefu ya maswali, na hapo ndipo alipoeleweka vibaya zaidi. Alionya kwamba orodha hizo ni za kuukumbusha ubongo wa mhudumu, si fomu ya kumsomea mtu aliyekaa mbele yake. Wengi walichukua orodha na kuliacha onyo.

Kitabu kilitoka mwaka uleule Marekani ilipoingia katika Vita Vikuu vya Kwanza. Msalaba Mwekundu ulihitaji haraka watu wa kuzihudumia familia za askari, naye akasaidia kuandaa mafunzo yao. Hao walikuwa wake na wazazi wa wanajeshi, watu ambao hawakuwahi kuitwa mafukara. Mbinu iliyozaliwa kwa ajili ya maskini ilianza kuonekana kuwa inamfaa mtu yeyote aliyefikwa na jambo.

Jibu fupi la mwaka 1922

Mwaka 1921 chuo cha wanawake cha Smith kilimtunuku shahada ya heshima. Mwaka uliofuata alitoa kitabu kidogo cha kueleza kazi ya mashauri ni nini hasa. Humo alimweka mbele Anne Sullivan, mwalimu aliyemtoa mtoto kiziwi na kipofu, Helen Keller, katika giza lake. Sullivan hakuwa afisa wa jumuiya yoyote; alimsoma mtoto mmoja kwa subira, akambadilishia mazingira, akamwachia nafasi ya kukua. Maana aliyoitoa Richmond ilifuata mkondo huo: kazi ya mashauri ni kuikuza nafsi ya mtu kwa kurekebisha kwa makusudi, mmoja mmoja, uhusiano wake na watu na hali zinazomzunguka. Ule msamiati wa hukumu wa wageni wa zamani ulikuwa umetoweka katika kurasa zake.

Wanafunzi wake wakati huo walianza kuvutwa na nadharia za Sigmund Freud, wakauliza zaidi juu ya nafsi na kidogo juu ya kodi ya nyumba. Yeye aliendelea na njia yake. Akiwa na Fred Hall alichapisha mwaka 1925 utafiti juu ya ndoa za watoto, wakati ambapo katika baadhi ya majimbo ya Marekani msichana wa miaka 12 aliweza kuolewa kihalali.

Alifariki kwa saratani mjini New York tarehe 12 Septemba 1928. Hakuolewa. Kitabu chake cha mwisho, juu ya ndoa na serikali, kilitoka mwaka 1929, mwaka ambao soko la hisa liliporomoka na mamilioni wakapoteza kazi katika miaka iliyofuata. Mwaka 1935 bunge la Marekani lilipitisha sheria ya hifadhi ya jamii, na ndani yake mlikuwa na fedha kwa watoto wasio na wa kuwatunza, msaada wa aina ileile aliyoipinga. Kabla mama hajaipata, afisa alifika nyumbani kwake, akaketi, akafungua jalada.