Jean Calvin, Mchungaji Aliyekuwa Mkimbizi



Wengi wetu tuliofika huku Arua na Koboko kutoka Kongo na Sudani Kusini tumelisikia jina la Jean Calvin katika mafundisho ya kanisa. Pengine hatukuambiwa kwamba mwalimu huyu aliishi zaidi ya nusu ya maisha yake nje ya nchi yake.

Alizaliwa Noyon, Ufaransa, tarehe 10 Julai 1509. Alisomea sheria, kisha akayapokea mafundisho ya Matengenezo, kwamba mtu huokolewa kwa neema ya Mungu, kwa njia ya imani. Oktoba 1534 karatasi za kuipinga misa zilibandikwa Paris na miji mingine. Mfalme Francis wa Kwanza akakasirika, na waumini wakakamatwa, wengine wakachomwa moto. Calvin akakimbilia Basel, Uswisi.

Huko, mwaka 1536, alitoa kitabu cha mafundisho ya dini ya Kikristo. Alikuwa na miaka 26. Mwanzoni aliweka barua kwa mfalme, akieleza kwamba wanaouawa si waasi bali ni watu wanaolishika Neno la Mungu.

Mwaka huohuo alikuwa akienda Strasbourg, lakini vita vilifunga njia, naye akapitia Geneva ili alale usiku mmoja tu. Mhubiri Guillaume Farel akamzuia asiondoke, nao wakafanya kazi pamoja. Mwaka 1538 wakuu wa mji waliwafukuza wote wawili, kwa ugomvi juu ya Meza ya Bwana na mamlaka ya kanisa. Calvin akaenda Strasbourg kuchunga kanisa la wakimbizi Wafaransa. Mwaka 1540 alimwoa Idelette de Bure, mjane mwenye watoto. Mtoto wao alifariki akiwa mchanga, na Idelette akafa mwaka 1549.

Geneva ilimwita tena mwaka 1541. Alipopanda mimbarani hakulalamika. Aliendelea na mahubiri kuanzia mstari ule alipoachia mwaka 1538.

Aliweka huduma nne kanisani: wachungaji, walimu, wazee na mashemasi. Kazi ya mashemasi ilikuwa kuwatunza maskini na wagonjwa. Wakimbizi walipozidi kumiminika, mfuko wa kuwasaidia Wafaransa maskini ulianzishwa, naye Calvin alitoa fedha zake humo. Mfuko ulilipia chakula, malazi na vifaa vya kazi ili watu wajitegemee.

Lakini tusimfiche. Mwaka 1553 Michael Servetus, aliyekana fundisho la Utatu, alifika Geneva akikimbia hukumu ya kifo Ufaransa. Calvin ndiye aliyefanya akamatwe. Aliomba asiuawe kwa moto bali kwa upanga, lakini kifo chenyewe alikikubali. Servetus alichomwa tarehe 27 Oktoba. Hivyo aliyewatetea waliochomwa Paris alikubali mtu mwingine auawe kwa ajili ya imani yake. Mwaka 1903 wafuasi wa Calvin walisimamisha jiwe mahali hapo, wakikiri kwamba lilikuwa kosa.

Calvin alipewa uraia wa Geneva mwaka 1559 tu. Alifariki tarehe 27 Mei 1564, akazikwa bila alama kaburini, kama alivyotaka.

Ndugu wapendwa, tulipo sasa Wakatoliki, Waanglikana, Wapentekoste na wengine tunachota maji kwenye bomba moja. Tushike mafundisho yetu kwa nguvu, na tuyafundishe watoto wetu. Lakini shemasi anapogawa msaada asiulize kwanza mtu anasali wapi. Katika hilo tumfuate Calvin wa mfuko wa maskini, na ile siku ya Oktoba ituonye. Someni Walawi 19:33-34 pamoja nyumbani.

Mungu awabariki.